Hodi Kwa Muthama

Mzinga ulianguka Jumapili, mchungaji akiwa katikati ya mahubiri. Kwanza ulisikika mlio wa tawi likikatika upande wa mtoni, kisha kishindo, kisha kimya kifupi kama cha mtu anayevuta pumzi ili apige chafya. Baada ya hapo nyuki wakaingia kanisani. Hawakubagua mzee wa kanisa wala mtoto, aliyeokoka wala aliyekuja kumsindikiza mkewe. Mchungaji aliruka nje kupitia dirishani na Biblia yake kwapani. Akina mama wa kwaya walijifunika leso vichwani wakatimua mbio kwenda dukani kwa Kahiga, na Kahiga, ambaye siku hiyo hakuwa amekwenda kanisani, akafunga mlango kwa ndani na kuwaambia kupitia upenyo wa mbao kwamba duka limejaa.

Huo ulikuwa mwaka wa themanini na nane, na kwa wiki nzima kijiji cha Kwa Muthama hakikuzungumza jambo jingine. Nzilani alicheka pamoja na wenzake, jicho lake moja limefura kama andazi. Lakini kicheko kilipokwisha yeye alibaki na swali. Watu walizoea kusema kwamba Nzilani alizaliwa na swali mdomoni, ndiyo maana titi la mama lilimchelewa. Alikuwa mke wa Mutie, fundi wa reli aliyekuwa akilala Makindu siku za kazi, mama wa watoto wanne, na mfumaji wa vikapu vya vyondo ambaye mkono wake haukosi kazi wala mdomo wake. Ukikaa naye kivulini utashtukia umemweleza mambo ambayo hata mama mkwe wako hayajui.

Siku ya pili, nyuki walipokwisha kuhama, alishuka mtoni kuutazama ule mzinga. Ulikuwa gogo la zamani lililochimbwa ndani, limepasuka upande mmoja, masega meusi yamemwagika mchangani. Tangu wakiwa watoto walikatazwa kuugusa. Hata kuutupia jiwe ilikuwa kosa la kuchapwa. Kila msimu asali ilijaa humo mpaka ikachuruzika kwenye shina la mgunga, na katika kijiji kizima chenye njaa za mara kwa mara hakuna aliyewahi kupanda kuirina. "Una mwenyewe," ndilo jibu walilopewa. Mwenyewe ni nani? Hapo mazungumzo yaligeuzwa kwenda kwa mbuzi au mvua.

Sasa kwa mara ya kwanza Nzilani aliuona kwa karibu. Kwenye mdomo wa gogo palikuwa na alama iliyochomwa kwa chuma cha moto: upinde mmoja, na chini yake nukta mbili, kama macho ya mtu anayechungulia chini ya ukingo wa kofia. Kila Mkamba anajua kwamba alama ya mzinga ni ya ukoo, haiwekwi ovyo. Nzilani alizijua alama za koo zote za pale kijijini, maana hazikuwa nyingi. Hii hakuwahi kuiona.

Ili swali lake lieleweke, lazima kijiji chenyewe kielezwe. Kwa Muthama kiko Makueni, kusini ya barabara ya Mombasa, kwenye tambarare ambako mto ni mchanga kwa sehemu kubwa ya mwaka. Watu wake ni Wakamba, lakini majirani waliwaita aeni, yaani wageni. Wengine waliwaita Waswahili. Kikamba chao kilikuwa na maneno ya ajabu, walipenda mihogo kuliko muthokoi wa mahindi, na wanawake wao walijua kusuka mikeka. Wazee wao walikuwa wametoka Tanganyika, kwenye mashamba ya mkonge, ambako mababu walikimbilia zamani wakati wa njaa. Uhuru ulipokaribia walifungasha wakarudi. Nzilani mwenyewe alizaliwa katika safari hiyo, kando ya lori lililoharibika upande wa Taveta, ndiyo sababu akaitwa Nzilani, aliyezaliwa njiani. Walipofika Kilungu kwa jamaa waliokuwa wakiwaota maisha yao yote, jamaa walifurahi, wakawachinjia mbuzi, kisha wakawaonyesha vile vilima vilivyojaa watu na kuwaambia washuke tambarare, huko ndiko kwenye nafasi.

Hayo yote Nzilani aliyajua. Alichokuwa hajui ni jina. Kila mtu aliishi Kwa Muthama, shule iliitwa Kwa Muthama, hata muhuri wa naibu wa chifu ulisema hivyo, lakini hakukuwa na ukoo wa Muthama, wala mjane wake, wala mjukuu wake. Vijana walikuwa na hadithi zao. Wengine walisema alikuwa kiongozi wa msafara aliyefia mpakani. Wengine walisema ni askari wa wanyama aliyeliwa na simba. Kahiga wa dukani, aliyekuja kutoka Nyeri miaka ya sabini, aliamini ni jina la mlima, ingawa hapakuwa na mlima.

Nzilani alikwenda kwa mama yake. Kalunde alikuwa ameketi mlangoni akichambua mbaazi kwenye ungo.

"Mwaitu," alianza, maana ndivyo Wakamba wamwitavyo mama, "ule mzinga una alama isiyo yetu."

"Nimesikia umeanguka."

"Wa nani?"

"Unataka kujua ili iweje?"

"Nijue tu."

Kalunde alipepeta ungo, maganda yakaruka. "Wewe mtoto, kujua kwako kutatuhamisha."

Hilo halikuwa jibu, bali lilikuwa kubwa kuliko jibu. Nzilani alikaa chini, akavuta kiganja cha mbaazi, akaanza kuchambua naye bila kusema neno. Alikuwa amegundua zamani kwamba kimya nacho huuliza. Mbaazi zilipobaki kidogo, Kalunde akasema:

"Tulipofika hapa tulikuta nyumba."

"Nyumba gani?"

"Hapa hapa unapokalia. Nyasi za paa zilikuwa bado nzima. Mlango wazi. Ndani kulikuwa na mafiga matatu, kinu, na kibuyu kikining'inia, lakini mtu hakuna. Baba yako akaenda ng'ambo ya mto kuuliza. Wakamwambia, 'Pale ni kwa Muthama.' Akauliza yuko wapi. Wakasema alihama. Nilikuwa na wewe mgongoni, una homa, na mvua inakuja. Nikawasha moto kwenye mafiga yake nikakupikia uji."

"Kisha?"

"Kisha tukangoja arudi. Mwaka ukapita. Wenzetu wakaja, wakajenga. Wapimaji wa ardhi walipokuja wakauliza, 'Muthama ni nani kati yenu?' Baba yako mdogo Kiema ni mjanja. Akawajibu, 'Kwa Kikamba, muthama ni mhamaji. Wahamaji ni sisi.' Wakaandika. Hakudanganya, na ukweli hakusema."

"Na mzinga?"

"Nyumba tuliingia kwa sababu ya mvua. Asali ya mtu ni jambo jingine."

Basi tangu siku hiyo Nzilani hakulala vizuri. Si kwa hofu. Alimwaza huyo mtu. Mtu gani anaondoka akaacha kinu? Kinu ni kizito, sawa, lakini kibuyu je? Aliondoka akikimbia nini? Na kama alihama, alihamia wapi, na huko aliko anajua kwamba jina lake limeandikwa kwenye ukuta wa shule kwa rangi ya buluu?

Jibu lilikuja na mfanyabiashara wa asali. Kiilu alikuwa mtu wa Matinyani, karibu na mji wa Kitui, ambaye kila mwaka baada ya maua ya mgunga alivuka Athi kuja kununua asali Makueni. Nzilani alimchorea ile alama mchangani kwa kijiti. Kiilu aliinamisha kichwa huku na huku.

"Hii nimeiona," akasema. "Mizinga ya upande wa Zombe. Kuna mzee mmoja huko, mkali kama pilipili, hauzi asali yake mpaka akuulize ukoo wako hadi babu wa nne."

"Anaitwaje?"

"Sisi tunamwita baba Mumbua. Jina lake lenyewe sijui."

Nzilani alimwambia mumewe kwamba anakwenda Kitui kutafuta soko la vyondo, na kweli alibeba vyondo. Alipanda basi mpaka Kitui, akalala Matinyani kwa dada yake Kiilu, na kesho yake akapata nafasi kwenye lori la mahindi lililokuwa likienda soko la Zombe. Pale sokoni hakupata shida. Alipotaja baba Mumbua, kila mtu alimwonyesha njia huku akimtazama kwa huruma.

Aliyempokea alikuwa Mumbua mwenyewe, mwanamke wa rika lake, mpole, aliyemletea kibuyu cha uji kabla ya kumuuliza chochote. Mzee alikuwa zizini akifunga miiba kwenye uzio. Alikuwa mrefu na mkavu, na sikio lake moja halikusikia vizuri, kwa hiyo alimgeuzia mtu upande wa kichwa kama kuku anayetazama mwewe.

Nzilani hakujua aanzie wapi. Akainama, akachora upinde na nukta mbili ardhini.

Mzee aliitazama. Kisha akaifuta kwa wayo wa mguu.

"Nani amekufundisha alama ya baba yangu?"

"Mzinga wako, mzee. Ulio mtoni, Makueni. Umeanguka."

"Umeanguka lini?"

"Mwezi uliopita."

"Mwongo. Ule mto ulikula kila kitu changu. Hauwezi kuacha mzinga."

"Ulikuwa juu ya mgunga. Haukuguswa na maji wala na mtu. Nyuki walikuwa wamejaa, hata jicho hili waliliziba."

Mzee alimtazama jicho kana kwamba bado angeona uvimbe. Kisha akaketi kwenye gogo taratibu, kama mtu anayeshuka ngazi gizani, na akaanza kumhoji. Nzilani, ambaye maisha yake yote alikuwa mwulizaji, hakupata nafasi ya kuuliza hata moja.

"Pale pana watu?"

"Wengi. Kuna shule, kanisa, na duka la Mkikuyu."

"Wanakunywa maji gani?"

"Ya mtoni. Tunafukua mchangani."

"Mto ule ule?"

"Ule ule."

"Na unawapa?"

"Unatupa, mzee. Kiangazi kikizidi yana chumvi kidogo."

"Mnalima nini?"

"Mbaazi, kunde, pojo. Na mihogo."

"Mihogo!" Alimgeukia binti yake. "Wanalima mihogo kwangu!" Ilikuwa vigumu kujua kama amekasirika au amefurahi. "Nao ni watu gani, wanaolima mihogo?"

Mumbua ndiye aliyesema, "Baba, mwache mgeni ale."

Ni Mumbua pia aliyemweleza Nzilani habari yote baadaye, wakichota maji pamoja. Mwaka ule wa mafuriko, kabla ya uhuru, mto ulishuka umefurika mchana kweupe, jua likiwaka, kwa mvua iliyonyesha mbali. Mke wa Muthama alikuwa mchangani, upande wa pili, akiwakusanya watoto wa mbuzi. Muthama alimwona, akamwita, akamwona akigeuka, kisha hakumwona tena. Alifuata kingo za mto kwa siku nyingi, akapata leso yake tu, imenasa kwenye miiba. Akarudi nyumbani, akamfunga mtoto mgongoni, akaenda kwa wajomba zake Zombe. Hakuaga mtu. Mlango hakuufunga. Mtoto huyo wa mgongoni ni Mumbua.

"Jina la mahali pale halitajwi hapa," Mumbua alisema. "Nilidhani pamekuwa pori. Na wewe unaniambia kuna kanisa."

Jioni mzee alimwita Nzilani tena. "Wewe umetumwa na nani?"

"Sikutumwa, mzee. Nilitaka kujua."

"Kujua nini?"

"Kwa nini uliacha kibuyu."

Mzee alicheka kwa mara ya kwanza, kicheko kikavu cha mtu ambaye kicheko kimemkaukia kooni. "Huyu," akamwambia Mumbua, "ama ni mwongo kabisa, ama ana kichaa. Mwambie aende zake. Nitakuja nijionee."

Nzilani alirudi, na kwa kuwa si mtu wa kuficha neno, alisema alikokwenda. Kijiji kikachafuka. Baba mdogo Kiema, ambaye sasa alikuwa mwenyekiti wa kamati ya shule na sauti ya wanaume wa rika lake, aliitisha mkutano darasani. Watu walikaa kwenye madawati ya watoto, magoti yamefika kidevuni.

"Usimwamshe aliyelala, utalala wewe," Kiema alianza. "Waliosema hivyo hawakuwa wajinga. Miaka yote hii tumekaa kimya, tukalima, tukapewa hati. Sasa huyu mtoto wa ndugu yangu amekwenda kumtoa mwenye shamba pangoni. Akija na wakili? Akija na wanawe? Tutakwenda wapi? Kilungu walikwisha kutuambia hakuna nafasi. Tanganyika nako si kwetu tena."

Kahiga alinyanyua mkono. "Mimi nilinunua kwenu. Kama ninyi si wenyewe, mimi ni nani?"

Mutie alikuwepo, amekuja kwa mapumziko, amekaa nyuma na kofia yake ya reli mapajani. Hakumkemea mkewe, lakini hakumtazama pia, na hilo lilimuuma Nzilani kuliko maneno yote ya Kiema. Nzilani alisimama ajitetee. Hakuwa amefikiria mawakili. Alikuwa amefikiria kibuyu. Akaketi.

Kalunde ndiye aliyesema. Alikuwa mwanamke wa maneno machache, basi watu waligeuka kumtazama.

"Mimi nilipika kwenye mafiga ya mtu yule," alisema. "Mpaka leo napika hapo hapo. Kila nikikoroga sufuria nasikia kama mtu amesimama mlangoni. Nimechoka kumsikia. Na aje."

Muthama alikuja Alhamisi moja ya Januari, baada ya mvua za vuli, mbaazi zikiwa zimesimama mashambani. Alishuka basi kwenye barabara kuu na binti yake na kutembea mpaka kijijini, amevaa koti zito kama mtu anayekwenda mahakamani. Habari ilimtangulia. Walipoingia kwenye njia ya duka, watu walikuwa wamesimama kando wameziba midomo. Yeye hakuwasalimu. Alikwenda taratibu akinyoosha fimbo: nyumba hii ya nani? Huyu mtoto wa nani? Mnara ule wa nini? Huo si mnara, mzee, ni tangi la maji la shule. Nzilani alitembea kando ya sikio lake zima akimjibu.

Kwenye boma la Kalunde alisimama muda mrefu. Mafiga yalikuwa meusi, yamekaa palepale. Hakuyagusa. Alitoka akaenda ukingoni mwa mto, akatazama upande wa pili, na Mumbua akasimama karibu naye, na hapo hakuna aliyewafuata.

Aliporudi, kijiji chote kilikuwa kimekusanyika uwanjani mwa kanisa, isipokuwa Kiema, aliyekuwa amejifungia nyumbani na hati yake ya shamba.

"Mzee," mchungaji alisema kwa niaba ya watu, "tuambie unachotaka."

"Nataka mtoke."

Mwanamke mmoja alipiga ukemi. Kahiga alishika kichwa.

"Mtoke nyote," Muthama aliendelea, "na watoto wenu, na huyo wa duka. Mvuke mto. Mimi niliondoka bila kuaga, hilo ni kosa langu. Ninyi mliingia bila hodi, hilo ni lenu. Langu nimekuja kulilipa. Lenu je?"

Ilichukua muda watu kuelewa. Vijana wengine walianza kucheka, wakakanyagwa vidole na mama zao. Kisha Kalunde akajitanda leso, akashika njia ya mtoni, na nyuma yake wakafuata wengine, wazee kwa watoto, darasa la kwanza limeshikana mikono, mchungaji, wanakwaya, mpaka Kahiga akafunga duka lake mchana na kuungana nao. Walivuka mchanga wakasimama ng'ambo. Kutoka huko, Nzilani alikiona kijiji chake kikiwa kitupu, moshi ukitoka majikoni bila mtu, kuku wakitembea, na katikati mzee mmoja katika koti, peke yake. Akawaza kwamba hivyo ndivyo mama yake alivyopaona siku ile.

"Hodi!" Kalunde aliita.

Mzee hakujibu.

"Hodi!" wakaita wote. Sauti ikaenda ikarudi. Mzee alikuwa amesimama, fimbo mkononi, hatikisiki. Wengine wakaanza kunong'ona kwamba hajasikia, ni lile sikio. Wengine wakasema amesikia vizuri sana, ndiyo maana. Mtoto mmoja akaanza kulia. Nzilani akajiuliza. Je, asipojibu? Sheria gani inamlazimisha mtu kukaribisha?

"Hodi kwa mara ya tatu!" Kalunde aliita, na safari hii sauti yake ilipasuka.

"Ni nani?" mzee akauliza.

Walitazamana. Kisha Kalunde akasogea mbele mpaka miguu yake ikazama mchangani.

"Ni mimi Kalunde. Nimetoka Tanganyika, kwenye mkonge, na mume wangu ambaye sasa ni marehemu. Tumetembea sana. Nina mtoto mgonjwa."

Mumbua, aliyekuwa amesimama kando ya watu hao kwa kuwa hakujua upande upi ni wake, alianza kufuta macho.

"Na hao wengine?"

Basi wakajitaja mmoja mmoja, majina ambayo wajukuu hawakuwahi kuyasikia: kambi za mkonge, vituo vya reli, mito, nani alimwacha nani amezikwa wapi. Watoto walisikiliza midomo wazi. Mambo ambayo Nzilani aliyadokoa kwa miaka mingi, neno hapa neno pale, sasa yalitangazwa kwa sauti kubwa mchana kweupe. Wa mwisho akapaza sauti, "Na mimi Kahiga, natoka Nyeri! Nilikuja baadaye!"

"Mnataka nini?"

"Mahali," Kalunde alisema.

Muthama akaiweka fimbo chini.

"Karibuni," alisema. "Jua ni kali, mbona mmesimama huko?"

Walivuka wakikimbia. Wengine walimsalimia kwa mikono miwili, wengine walipita wakaenda kutazama masufuria yao, kwa maana chakula kilikuwa kinaungua.

Jambo moja lilibaki. Mzee aliuliza ni mlango wa nani uliofungwa, akaambiwa ni wa Kiema. Akaenda mwenyewe, akasimama nje ya mlango na kusema, "Hodi!" Na Kiema huko ndani, kwa mazoea tu, kabla hajafikiri, akaitikia, "Karibu!" Waliokuwa nyuma walicheka mpaka wakashika mbavu. Kiema alifungua amekunja uso. Lakini ukishasema karibu umekwisha kusema, na mgeni hukalishwa. Walikunywa chai wawili hao, kisha wakaanza kubishana juu ya mahali njia ya ng'ombe ilipopita zamani, na ubishi huo hawakuumaliza mpaka walipoachana kwa kifo.

Mzee hakudai shamba. Kamati ilimpa kipande kando ya mto, na yeye akampa Mumbua, ambaye alikuja kulima misimu miwili mitatu, kisha akahamia kabisa na mumewe. Muthama mwenyewe alirudi Zombe. Alikuja kila mwaka baada ya mavuno, akakaa wiki au mwezi, akatembea asubuhi ukingoni peke yake, na jioni akapita nyumba hadi nyumba kukosoa watu wanavyofunga mbuzi. Mihogo alikataa kula hadi mwaka wa tisini na moja, alipokula sahani nzima kwa Kalunde na kusema haina ladha.

Uso wa Mutie uliendelea kuwa mzito kwa muda. Siku moja alirudi kutoka Makindu akamkuta mkewe anamweleza jirani habari za Zombe kwa mara ya kumi, akakaa, akasikiliza mpaka mwisho, akauliza, "Na ukoo wa huyo mzee ulitoka wapi kabla ya hapo?" Nzilani alipomjibu kwamba bado anachunguza, Mutie alitikisa kichwa na kuomba maji ya kuoga.

Muthama alifariki mwaka wa tisini na nne, huko Zombe, usingizini. Kahiga alitoa lori lake jipya na kijiji kikajazana humo na vyakula na mikeka ya kukalia waombolezaji. Walifika asubuhi kumepambazuka vizuri. Watu wa Zombe, waliokuwa wakimjua marehemu kama mtu asiye na jamaa zaidi ya binti mmoja, walisimama wakistaajabu lile lori likimwaga wanawake, wanaume, na watoto wa shule waliovaa sare.

"Hawa wote ni wa nani?" mama mmoja mzee alimuuliza Mumbua.

"Ni wa nyumbani kwa baba," Mumbua alijibu.

Walimzika vizuri, wakaimba, wakala. Wakati wa kurudi ulipofika, lori lilikaa tayari, injini inanguruma, Kahiga anapiga honi. Alikosekana mtu mmoja. Walimtafuta nyuma ya nyumba wakamkuta Nzilani amekaa kwenye mkeka na yule mama mzee, chondo hakijaisha mkononi, akimuuliza huko Zombe kwenyewe watu walifika lini, na walimkuta nani.